Sumaku haioni saratani, huona chembe: jibu kwa aliyeuliza kuhusu "tiba ya nano" ya Arusha

Ndugu mleta uzi, pole kwa kuuguza. Nimesoma maelezo yako yote: mama yako mkubwa ana uvimbe kwenye titi la kushoto, amekwenda kwenye duka moja la tiba mbadala hapo Arusha, ameshikishwa fimbo ya chuma iliyounganishwa na kompyuta, ameambiwa ana "dalili za saratani", kisha akauziwa bangili ya sumaku na chupa mbili za maji ya "nano" ambayo eti yatavuta saratani itoke mwilini kwa siku 21. Umeuliza kama sayansi ya namna hiyo ipo, kwa kuwa uliwahi kusoma kwamba Ulaya wanatibu saratani kwa sumaku, na umeuliza pia kama bangili yenyewe ina madhara. Nitajibu kwa urefu, kwa sababu jambo hili limenipitia mara mbili. Nilizitengeneza kwa mikono yangu chembe ndogo mno za sumaku, ambazo ndizo msingi wa sayansi hiyo, nilipokuwa nasoma shahada ya uzamili ya kemia Arusha, na miaka michache baadaye dada yangu mkubwa aliugua saratani ya titi hapa Moshi, naye alianzia dukani kama mama yako mkubwa.

Sayansi ipo na si changa. Mwaka 1957 Gilchrist na wenzake kule Marekani walikwisha kuchapisha majaribio ya kupasha moto mitoki (tezi za limfu) ya mbwa kwa unga wa oksidi ya chuma na uga wa sumaku, yaani eneo la nguvu zake, unaobadilika-badilika. Ila ulichosoma wewe na alichouziwa mama mkubwa havina undugu.

Tuanze na mchanga. Mvua za masika zikipita, kando ya mto Karanga huonekana michirizi myeusi juu ya mchanga. Wanafunzi wangu wa kidato cha pili hutumbukiza sumaku ya spika mbovu ndani ya soksi kuukuu, wakaiburuta pale, na punje nyeusi zikanasa na kusimama wima kama miiba ya nungunungu. Hiyo ni magnetaiti, oksidi ya chuma iliyotoka na mawe ya volkano ya milima yetu. Chembe za kitabibu ni dutu hiyohiyo au ndugu yake wa karibu, isipokuwa kiini chake hutengenezwa maabara na huwa na upana wa nanomita 10 hivi (nanomita ni sehemu moja ya milioni ya milimita), ilhali seli nyekundu ya damu ina upana wa nanomita 7,000 na zaidi kidogo.

Njia niliyoitumia inajulikana tangu mwaka 1981, ilipoelezwa na Massart wa Ufaransa: unachanganya chumvi mbili za chuma kwa uwiano wa 2 kwa 1, kisha unadondosha amonia huku unakoroga. Siku ya kwanza macho yalinitoka machozi kwa harufu, lakini nilikuwa natazama bika tu, kile chombo cha kioo cha maabara. Maji yaliyokuwa na rangi ya chai ya rangi yaligeuka meusi tii. Nilipoweka sumaku ubavuni mwa bika, weusi wote ulihamia upande ule na maji yakabaki meupe. Nilipoiondoa na kutikisa, weusi ukatawanyika tena kana kwamba hakuna lililotokea. Huko kusahau usumaku ndiko kunakozifanya zifae. Punje za mtoni, ambazo ni kubwa, hubaki na usumaku wake na kung'ang'aniana, na kitu cha aina hiyo ndani ya mishipa midogo ya damu kingekuwa kizibo. Kiini cha magnetaiti kikiwa chini ya nanomita 20 hivi hakihifadhi usumaku pale uga unapoondoka, na kikivikwa utando wa dekstrani (dutu ya jamii ya sukari) au silika hubaki kinaelea. Mwili una namna ya kuzimaliza: ini na bandama huzivunja taratibu, na chuma chake huingia katika akiba ya kawaida ya mwili.

Sasa shika jambo hili, maana jibu langu lote limesimama juu yake. Sumaku haina habari na saratani. Kinachoonekana, kinachovutwa na kinachopashwa moto ni chembe, na popote unaposikia habari ya tiba ya sumaku, la kuuliza ni hili: nani amezifikisha chembe mahali zilipo? (Najua atatokea mwanajukwaa aseme kwamba MRI, mashine ya kupiga picha za ndani ya mwili kwa sumaku, huona uvimbe bila chembe yoyote. Ni kweli, lakini sumaku ya MRI ina nguvu mara makumi ya maelfu kupita usumaku wa dunia, na hata hiyo husikiliza haidrojeni iliyomo katika maji na mafuta ya mwili. Ni daktari anayeisoma picha ndiye anayeitambua saratani.)

Kwenye ini, anayezifikisha chembe ni mwili wenyewe. Ini lina seli za ulinzi ambazo humeza vitu vigeni vilivyomo katika damu, kwa hiyo mgonjwa akidungwa chembe za oksidi ya chuma, ini zima hugeuka jeusi katika picha ya MRI, isipokuwa uvimbe wa saratani, ambao kwa kawaida hauna seli hizo na hubaki unang'aa kama doa. Dawa ya namna hiyo iliidhinishwa Marekani mwaka 1996, ikaja kuachwa sokoni miaka kama 12 baadaye, kwa sehemu kubwa kwa sababu mahitaji yalikuwa madogo.

Kwenye matiti, mbebaji ni majimaji ya limfu, na hapa naomba uniruhusu nikae kidogo. Saratani ya titi ikianza kusafiri, mara nyingi hupitia mitoki ya kwapani. Dada yangu alipofanyiwa upasuaji alitolewa mitoki 17, kwa kuwa hapakuwa na namna ya kujua ni upi unaopokea limfu ya titi kwanza, na majibu ya patholojia, yaani uchunguzi wa nyama hizo maabara, yalipokuja ilionekana kwamba hakuna hata mmoja uliokuwa na saratani. Simlaumu daktari, alifuata utaratibu uliokuwapo kwa vifaa alivyokuwa navyo. Lakini mkono wake wa kushoto ulianza kuvimba miezi minane baadaye na haujarudi, saa yake ameihamishia mkono wa kulia, na ndoo ya maji sasa humbebea mwanawe. Kwa wenye vifaa, huchomwa kwanza kitu cha kufuatia njia ya limfu, ukatafutwa mtoki wa kwanza, ukatolewa huo peke yake au pamoja na jirani zake wawili watatu, na ukiwa safi mingine huachwa. Kwa miaka mingi kitu hicho kimekuwa rangi ya bluu pamoja na teknesiamu, dutu ya mionzi ambayo nusu yake hupotea kila baada ya saa 6, jambo linalodai idara ya tiba ya nyuklia iliyo karibu. Chembe za sumaku haziozi kwa namna hiyo. Magtrace, dawa ya chembe hizo iliyotengenezwa na kampuni ya Endomag ya Cambridge na kuidhinishwa Marekani mwaka 2018, huchomwa kwenye titi, husafiri na limfu hadi kwenye mtoki na kukwama humo, kisha daktari huitafuta kwapani kwa kifaa cha mkononi kinacholia kinapokaribia usumaku. Ina kero zake: ngozi inaweza kubaki na baka la kahawia kwa muda mrefu, vyombo vya chuma vya upasuaji huondolewa karibu na kutumiwa vya plastiki wakati wa kupima, na picha za MRI za titi lile huweza kuharibika baadaye. Hata hivyo, kama ningeambiwa nichague teknolojia moja tu ya chembe hizi ije katika hospitali zetu za kaskazini, ningechagua hii, na nisingesita.

Katika damu, mbebaji ni kingamwili, protini inayoshika kitu maalumu tu. Kipimo kiitwacho CellSearch, kilichoidhinishwa Marekani mwaka 2004, huchukua mililita 7.5 za damu na kutia chembe zilizofungwa kingamwili inayotambua protini fulani ya seli za saratani, kisha sumaku huzichomoa seli hizo kutoka katikati ya mabilioni ya seli nyingine. Kwa mgonjwa wa saratani ya titi iliyokwisha kusambaa, kukuta seli 5 au zaidi ni dalili ya hali mbaya zaidi. Kazi yote hufanyika maabara, nje ya mwili, na hakitumiki kumwambia mtu mwenye uvimbe kama ni saratani au siyo.

Hiyo tiba ya Ulaya uliyoisoma, bila shaka ni ile ya Ujerumani, iliyoruhusiwa mwaka 2010 kwa uvimbe wa ubongo. Mbebaji wa chembe ni sindano: daktari hutoboa fuvu na kuziweka ndani ya uvimbe wenyewe, kisha kichwa huingizwa katika uga unaogeuka mara 100,000 kwa sekunde. Kila ugeukapo chembe nazo hulazimika kugeuka, hubaki nyuma kidogo, na uchelewaji huo hutoka kama joto linalodhoofisha seli za saratani na kuzifanya ziumizwe zaidi na mionzi. Nadhani wanaouza bangili wangeacha wenyewe kama wangejua masharti yake: vijazio vya chuma vya meno vilitakiwa viondolewe au vibadilishwe, kwa kuwa metali iliyo karibu na eneo la tiba huweza kupata moto, na baada ya tiba picha za MRI za sehemu ile hazisomeki tena. Katika utafiti wao uliochapishwa mwaka 2011 walikuwa wagonjwa 59 ambao uvimbe wao ulikuwa umerudi, wote wakipewa na mionzi; nusu yao waliishi zaidi ya miezi 13.4 tangu uvimbe uliporudi mara ya kwanza. Hapakuwa na kundi la kulinganisha, na mimi siwezi kuuita ushahidi uliomaliza mjadala. Kampuni iliyoileta tiba hiyo iliomba ufilisi mwaka 2022.

Wapo pia waliojaribu kuvuta dawa kwa sumaku iliyowekwa juu ya ngozi. Mwaka 1996 Lübbe na wenzake wa Berlin waliwajaribu wagonjwa 14 kwa dawa iliyobebwa na chembe, na tabu waliyoikuta ndiyo wanayoikuta wanafunzi wangu: soksi ikiinuliwa vidole viwili tu juu ya mchanga, hakuna punje inayoruka. Nguvu ya sumaku huisha haraka kwa umbali. Watafiti wa Toronto walipopitia tafiti za miaka 10 za chembe nano za kila aina, hasa kwa panya, walikuta mwaka 2016 kwamba kwa wastani asilimia 0.7 tu ya dozi hufika kwenye uvimbe. Hizo ni chembe zilizodungwa kwenye mshipa. Maji ya kunywa sembuse.

Kuhusu ile fimbo ya chuma. Mwaka ule nilimfuata dada dukani baada ya kuambiwa kwamba titi lake ni "safi, ila ini limechoka". Nililipia kipimo, nikamwomba binti wa mapokezi aandike kwenye kompyuta kwamba mimi ni mwanamke wa miaka 34, naye akaandika bila kuuliza. Nilishika fimbo kwa dakika moja, ikatoka karatasi ya kurasa nyingi, na ukurasa wa sita ukanieleza hali ya mfuko wangu wa uzazi. Ninayo mpaka leo. Dada alikuwa ameitegemea karatasi ya namna hiyo kwa miezi minne, na uvimbe uliokuwa kama kunde tukaupeleka hospitali ukiwa kama limau.

Kwa hiyo mpeleke mama mkubwa hospitali wiki hii hii. Atapigwa ultrasaundi au mamogramu na kuchukuliwa kinyama kwa sindano, na mtaalamu wa patholojia ndiye atakayesema kama ni saratani na ni ya aina gani; ikithibitika, KCMC hapa Moshi wana kituo cha saratani, hamna haja ya kuanzia mbali. Akifika kwa daktari wa upasuaji muulizeni mapema mpango wake kuhusu mitoki ya kwapani na kama wanatumia rangi ya bluu, kwa kuwa swali hilo sisi hatukujua kuliuliza. Na karatasi ya dukani iacheni nyumbani, itawapotezea muda tu.

Bangili yenyewe haitamdhuru, mradi asiwe na kifaa cha kuendeshea mapigo ya moyo kilichopandikizwa kifuani, kwa sababu sumaku ikikisogelea inaweza kubadilisha utendaji wake. Siku akipelekwa MRI aivue kabla ya kuingia kwenye chumba cha mashine.