Kushtaki pointi za mtihani: anzia kwa juri, si kwa avoka

Mdogo wangu, unauliza kama unaweza kupeleka chuo mahakamani kwa sababu umepewa 7/20 na una hakika uliandika vizuri. Unaweza. Ila usikimbilie kwa avoka, yaani wakili; anza na juri, walimu wanaopitisha matokeo.

Mimi yalinikuta hapahapa Bukavu, Kongo, enzi za G3, mwaka wa tatu wa mfumo wa zamani, LMD (mfumo mpya wa masomo) haijaingia. Nilisoma valvu, ubao wa matokeo: 7. Nikasoma tena kwa kidole, labda nimefuata mstari wa mwenzangu. Wapi! Nikarudi nyumbani Kadutu, nikaandika rekuru, barua ya malalamiko, ya ukurasa mmoja bila kumtukana mtu, nikapiga fotokopi, asubuhi niko kwa sekretari wa juri. Akapokea, akataka niende. Nikamsihi agonge mhuri kwenye ile yangu pia, na tarehe. Alinuna, lakini akagonga.

Siku ya nne wakaniita. Asistanti akatoa kopi yangu, yaani karatasi ya majibu, 7 ya biki nyekundu juu kabisa. Akalamba kidole, akageuza: nyuma kuna swali la tatu, na 5 pembeni ndani ya duara. Haikujumlishwa. Yeye alicheka, mimi sikucheka. Nilitoka na 12.

Mwenzangu wa promosheni ileile, darasa letu, alikuwa na 6 katika kozi nyingine. Akasema juri ni walewale, watalindana tu, heri avoka. Miezi ikapita. Avoka alichouliza kwanza: "Barua uliyowaandikia iko wapi?" Hakuna. Kesi hizi ni za mahakama za utawala, zile za sheria ya Kongo ya tarehe 15 Oktoba 2016, na huko lazima kwanza umlalamikie aliyetoa uamuzi. Ukiruka hapo, ombi linakataliwa kabla halijaguswa. Dola zake zilienda bure (ngapi, sura yake ilinizuia kuuliza), na kozi akairudia.

Tena jaji hasahihishi mtihani. Anaangalia kama taratibu zilifuatwa. Hata Uingereza ni hivyo: mhitimu mmoja wa Oxford alidai ufundishaji mbovu ulimnyima daraja la kwanza, na mwaka 2018 akashindwa mahakamani London. "Profesa ananichukia" ni maneno ya kantini. "Nyuma ya kopi kuna 5 haikuhesabiwa", hapo watakusikiliza.

Sasa niambie: matokeo yalibandikwa lini, na kopi yako umeshaiona kwa macho?