Swali la lugha: Kindi huruka, hupaa, huelea au huserereka?

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Ninaandaa masimulizi ya Kiswahili ya filamu fupi kuhusu wanyama wa misitu ya tropiki, ambayo itaonyeshwa katika shule kadhaa za sekondari hapa Dar es Salaam. Ndani yake wamo wanyama wenye manyoya ambao hutoka mti mmoja hadi mwingine kwa kukunjua ngozi iliyo ubavuni mwao. Niliandika hivi: "Bila kutumia nguvu yoyote, kindi hawa wanaoruka hutumia mabawa yao kwenda mti hadi mti." Mwenzangu amefuta "wanaoruka" akaweka "wanaopaa", na msimamizi wetu anapendelea "wanaoelea". Nani kati yetu yuko sahihi, na je, ile ngozi inaweza kuitwa bawa? Msomaji, Sinza.

JIBU: Marahaba. Katika vitenzi vitatu mnavyovishindania hakuna hata kimoja ambacho ningekiacha katika masimulizi hayo, ingawa kila kimoja kimegusa sehemu ya ukweli, na ubishi wenu unaonyesha kwamba mmekitazama kitendo chenyewe kwa makini kuliko wengi wanaofasiri filamu za wanyama.

Kitenzi ruka kina mawanda mapana. Mtoto anayevuka mtaro wa mvua pale Manzese ameruka, mwanariadha anaruka viunzi, msomaji mwenye haraka anaruka mistari, na ndege ya abiria iliyoondoka uwanja wa Julius Nyerere nayo imeruka. Katika mazungumzo ya kawaida muktadha hutuokoa, lakini katika maelezo ya wanyama wa usiku upana huo unaleta utata wa kweli. Katika msitu wa Pugu, nje kidogo ya jiji letu, kuna komba wadogo na kuna popo, na wote tunasema wanaruka. Hata hivyo, komba hujirusha kwa nguvu ya miguu ya nyuma, na akishaachana na tawi hana tena kinachomshikilia hewani, ilhali popo hupiga mabawa na kuzalisha mwenyewe nguvu ya kumwinua na kumsukuma mbele. Yeye ndiye mamalia pekee awezaye kufanya hivyo. Mwanafunzi akisikia "kindi wanaoruka" atafikiria moja kati ya mawili: kindi wa kawaida anayechupa kutoka tawi hadi tawi, jambo ambalo kindi wengi hulifanya kila siku, au mnyama apigaye mabawa kama popo. Wanyama wa filamu yako hawamo katika fungu lolote kati ya hayo.

Wanachofanya ni kitendo cha tatu. Mnyama hupanda mti hadi juu, hujirusha, kisha hunyoosha miguu yote minne mpaka ngozi iliyo kati ya mguu wa mbele na wa nyuma ikakaza. Hewa inayoipita ngozi hiyo humbeba na kumpeleka mbele huku akishuka, na nguvu inayomwendesha si nyingine ila uzito wake mwenyewe pamoja na kimo alichokwisha kukipanda. Wataalamu wa mwendo wa wanyama wamezoea kuweka mpaka kwenye pembe ya nyuzi 45: anayeshuka kwa mteremko mkali kuliko huo huhesabiwa kuwa anashuka kama mtu mwenye mwavuli wa kurukia, na anayeshuka kwa mteremko mpole zaidi ndiye aliye katika mwendo tunaoutafutia kitenzi. Kolugo, mnyama wa kusini-mashariki mwa Asia mwenye uzito wa kilo moja na ushei, anaweza kusafiri kwa namna hiyo zaidi ya mita 100 bila kugusa kitu.

Sasa tazama vitenzi vya wenzako. Kupaa ni kwenda juu: moshi hupaa, tiara hupaa, na bei nazo, kama tujuavyo, hupaa. Mnyama anayepoteza kimo karibu safari nzima hawezi kusemwa kuwa anapaa. Isitoshe, mkilifanya neno hilo kuwa sehemu ya jina, mkasema "kindi paa", wapo watakaodhani mnataja yule swala mdogo wa vichakani. Kuelea nako ni kukaa juu ya maji au hewani bila kuzama, kama ngalawa au puto. Kitenzi hicho hakina mwelekeo wala mteremko, na mnyama anayeelekea shina moja mahususi kwa kasi haelei. Ambaa, ambalo nimeliona likitumiwa katika tafsiri fulani, ni kupita kandokando ya kitu, kama jahazi linavyoambaa na pwani. Teleza lingekaribia zaidi, isipokuwa limebeba harufu ya ajali. Ndiyo maana wahenga waliona haja ya kututuliza kwamba kuteleza si kuanguka.

Ninachopendekeza ni serereka. Maana yake ni kushuka kwa ulaini kwa kufuata mteremko, kama watoto wanavyofanya juu ya lundo la mchanga wa ujenzi, na ndani yake zimo sifa zote tunazozihitaji: kuna mteremko, kuna ulaini, na kuna mwili unaopelekwa na uzito wake pasipo kujisukuma. Kwa kuwa kwa kawaida tunaserereka juu ya kitu, ongezeni neno "hewani" pale mnyama anapotajwa kwa mara ya kwanza. Baada ya hapo msikilizaji atakuwa ameshaelewa. Nomino yake ni mserereko, nayo inatumika vizuri katika vipimo: "mserereko wa mita 50". Sidai kwamba neno hili limekwisha kusanifishwa kuwa istilahi ya biolojia. Nasema tu kwamba ni neno lililokwishakuwapo, halihitaji kuundwa, na haliwezi kumpotosha mwanafunzi.

Tena, msikitumie kitenzi kimoja kwa safari nzima. Mwanzoni mnyama anachupa, kisha anaserereka, na mwisho anatua, na kutua kwenyewe kunastahili sentensi yake katika masimulizi. Anapolikaribia shina, huinua kifua na kuigeuza ngozi yake ikabiliane na hewa, mwendo ukapungua ghafla, akafika kwenye gome kwa miguu yote minne huku kichwa kikielekea juu. Wengine hujiinua kidogo katika hatua hiyo ya mwisho, na hapo mwenzako anaweza kupewa "kupaa" kwake kwa nusu sekunde. Baadhi ya kindi hawa, wakishatua tu, hukimbilia upande wa pili wa shina, na wachunguzi wengi huona kwamba ni njia ya kumpoteza bundi aliyekuwa akiwafuata.

Kuhusu bawa, jibu langu ni hapana. Bawa ni kiungo kinachopigwa. La popo limejengwa juu ya mifupa mirefu ya vidole, na neno hilo limeshikamana naye kiasi kwamba hata lile zimwi la visiwani linaloitwa Popobawa limelibeba katika jina lake. Hii ni ngozi yenye manyoya iliyotandazwa, nayo ningeiita utando, kisha ningetumia kitenzi wamba kueleza kinachotokea: mnyama anaponyoosha miguu, utando unawambika. Kilichonivutia zaidi katika utando huu ni namna unavyotofautiana kutoka kundi moja hadi jingine. Kwa kindi wa Asia kuna kijiti cha gegedu kinachochomoza kwenye kifundo cha mkono na kuupanua utando kuelekea nje. Kwa mnyama wa Afrika anayefanana nao, kijiti hicho kinachomoza kwenye kiwiko. Kolugo hana kijiti chochote, lakini utando wake unaanzia shingoni, unapita kati ya vidole, na kuendelea hadi ncha ya mkia, kiasi kwamba mama hukunja sehemu ya mkiani na kuufanya mfuko wa kumhifadhia mtoto. Mkisema "mabawa" kwa wote, tofauti hizo zinafutika, na ndizo zinazothibitisha kwamba wanyama hawa hawakurithi ufundi huu kutoka kwa babu mmoja. Miongoni mwa mamalia walio hai leo umezuka katika koo sita zilizoachana: kindi wa kweli, wale wa Afrika, kolugo, na koo tatu za wanyama wenye mfuko wa huko Australia na Guinea Mpya, ambao ni jamaa za kangaruu.

Hapo linajitokeza swali ambalo hukuliuliza, nalo ni kama wote hao wanastahili kuitwa kindi. Wa Asia ni kindi halali. Wa Afrika, ambaye jina lake la kisayansi ni Anomalurus derbianus na ambaye anapatikana hata hapa Tanzania katika misitu ya milimani kama Udzungwa, ni mgugunaji wa ukoo tofauti. Ukimgeuza utaona chini ya shina la mkia wake safu mbili za magamba magumu yenye ncha, ambayo humsaidia kujikita kwenye gome asiteleze. Hata hivyo, sioni ubaya wa kumwita kindi mkia-magamba, kwa kuwa Kiswahili kimezoea kutaja mnyama kwa mfano wa mwingine: mbwa mwitu si mbwa wa nyumbani, wala hakuna anayelalamika. Kolugo ni hadithi nyingine. Kiingereza kilimpachika jina lenye maana ya lemuri arukaye, ilhali si lemuri na wala hapigi mabawa. Jamaa zake wa karibu ni kundi zima la nyani, komba na binadamu. Mwacheni abaki kolugo, na upatanisho uwe wa A-WA kama kwa kindi: kolugo anaserereka, kolugo wanaserereka.

Limebaki fungu la maneno "bila kutumia nguvu yoyote", ambalo kwangu ndilo kosa kubwa kuliko yote katika sentensi yako. Hewani ni kweli kwamba gharama ni ndogo, lakini kimo kinachotumiwa katika mserereko lazima kilipiwe kwa kupanda. Utafiti uliochapishwa mwaka 2011, ambao uliwafuatilia kolugo wa Singapore kwa vifaa vidogo vilivyobandikwa migongoni mwao, ulionyesha kwamba mserereko huwaokolea muda wala hauwaokolei nguvu, kwa sababu kupanda tena hadi kimo cha kuanzia kunagharimu kuliko kupita matawini kwa umbali uleule. Andikeni "kwa haraka", msiandike "bila nguvu".

Vilevile, kama kuna mahali mmeandika kwamba wanyama hawa wapo katika misitu ya tropiki kwa jumla, rekebisheni. Amerika ya Kusini ina msitu mkubwa kuliko yote, lakini haina hata mamalia mmoja anayeserereka. Huko wamejaa wanyama wanaoshika matawi kwa mkia. Mwaka 1983 wanabiolojia Louise Emmons na Alwyn Gentry walitoa hoja kwamba sababu ni umbo la msitu wenyewe: misitu ya Asia ina mimea mitambaazi michache ya kuunganisha mti na mti, hivyo anayetaka kuvuka hulazimika kupita hewani. Hoja hiyo ingali inajadiliwa, lakini inatosha kuwafanya mwandike "misitu ya Asia na Afrika" pale mlipoandika "misitu ya tropiki".

Kwa hiyo sentensi yako ningeiandika hivi: "Usiku, kindi hawa huchupa kutoka juu ya mti, huwamba utando wa ngozi ulio ubavuni mwao, wakaserereka hewani hadi shina la mti mwingine; wakishatua, huanza kupanda upya." Ni ndefu kuliko ya kwanza, najua, na msimulizi wenu atahitaji kuvuta pumzi kwenye nukta-mkato. Kama picha inakwenda mbio, kateni maneno "ulio ubavuni mwao", kwa maana hilo macho ya wanafunzi yatakuwa yamekwisha kuliona kwenye skrini.