Mwalimu, nilipie fomu ya ufadhili wa Wanavajo?

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Mwanangu Brian amepata nafasi ya chuo kikuu na karo imenilemea. Jamaa wa saiba hapa mtaani anasema kuna ufadhili wa Wanavajo wa Marekani, nimpe elfu kumi na tano amjazie fomu. Nilipe? – Mama Brian, Kayole

JIBU: Marahaba, Mama Brian. Usimpe hata shilingi. Ufadhili huo upo kweli, ila si wa Brian. Wanavajo ni wenyeji asilia wa Marekani, na ufadhili hutolewa na ofisi ya taifa lao iliyoko Window Rock, Arizona, kwa walioandikishwa katika taifa hilo, na kuandikishwa kunataka angalau robo ya damu ya Kinavajo. Hata wao hujaza kwanza fomu ya serikali ya Marekani ya kuomba msaada wa karo, FAFSA, na hiyo haina malipo.

Wala usione wametubagua. Wazee wao walifungwa na jeshi la Marekani mbali na kwao, mahali paitwapo Bosque Redondo, na katika mkataba wa 1868 uliowarudisha kwao, serikali iliahidi nyumba ya shule na mwalimu kwa kila watoto 30. Walingoja sana. Mwaka 1968 wakajianzishia chuo chao, ambacho leo kinaitwa Diné College, cha kwanza Marekani kuendeshwa na taifa la wenyeji. Pesa hizo ni haki yao, na mtu anayetaka kumpenyeza mtoto wako humo kwa vyeti bandia atamharibia jina kabla hajaanza maisha.

Brian aombe mkopo wa HELB, bodi ya serikali ya mikopo ya elimu ya juu, kisha basari ya NG-CDF, yaani mfuko wa eneo bunge, na ya kaunti. Nimekaa kwenye kamati ya basari ya wadi. Fomu nyingi tulizoweka kando zilikuwa za wahitaji hasa, ila hazina muhuri wa chifu, au barua ya kuitwa chuoni haimo. Moja inaniuma mpaka leo: msichana yatima, mwandiko safi kabisa, lakini cheti cha kifo cha baba hakikuambatanishwa. Siku ya mwisho ikapita. Kwa hiyo toa nakala za kila kitu wiki hii, kitambulisho chako kikiwemo, na mwende kwa chifu pamoja.

Kama moyo wake bado uko Marekani, ubalozi wao pale Gigiri una washauri wa EducationUSA, wanaoelekeza wanaotaka kusoma Marekani. Awaulize ni vyuo gani huwasaidia wanafunzi wa kigeni kwa pesa za chuo chenyewe, kwa maana FAFSA haimhusu mgeni mwenye viza ya masomo.