Ultra Ball zimeisha na bado hajakamatika: maswali yenu kuhusu Pokémon adimu

Maswali ya safari hii karibu yote yametoka kwa wachezaji wa gemu za Pokémon, ambamo viumbe hukamatwa kwa kurushiwa mpira: walimwona kiumbe waliyekuwa wakimtafuta, kisha akawaponyoka. Naanza na lile lililoulizwa na wengi zaidi.

Nimefika kwa Mewtwo, nimemrushia Ultra Ball zote nilizokuwa nazo na kila mara anatoka. Nakosea wapi?

Umerusha kabla ya wakati. Kila Pokémon ana kiwango chake cha kukamatika, namba kati ya 3 na 255. Caterpie na Magikarp wana 255, ndiyo maana hata mpira wa kawaida unawatosha. Mewtwo ana 3, yaani chini kabisa. Namba hiyo huwezi kuigusa, lakini gemu inaizidisha kwa mambo matatu ambayo yako mikononi mwako: uhai aliobaki nao, hali aliyomo, na aina ya mpira.

Akiwa mzima, gemu inakuhesabia theluthi tu ya kiwango chake. Akibaki na pointi moja ya uhai, unakipata karibu chote. Kisha kuna hali yake: tangu gemu za Black na White za mwaka 2010, akiwa amelala au ameganda barafu unazidisha kwa 2.5, na akiwa amepooza, ameungua au ana sumu, kwa 1.5. Ultra Ball inazidisha kwa 2. Timer Ball inaanza chini lakini hupanda kadiri zamu zinavyopita mpaka kufika 4, na Dusk Ball usiku au pangoni hufika 3 au 3.5 kulingana na gemu. Mewtwo mara nyingi anakaa pangoni, kwa hiyo hiyo ya mwisho ingekufaa.

Sasa linganisha. Ultra Ball kwa Mewtwo mzima aliye macho, na Timer Ball iliyopanda hadi mwisho kwa Mewtwo aliyelala akiwa na pointi moja: ya pili inahesabiwa mara 15 zaidi ya ya kwanza. Hata hapo, kuanzia gemu za X na Y, ni kama mpira mmoja tu kati ya mitano utakaomshika, kwa hiyo usiende na mipira michache.

Fuata mpangilio huu. Zamu ya kwanza rusha Quick Ball, kwa sababu zamu hiyo peke yake inazidisha kwa 5 na baada ya hapo haina maana tena. Akitoka, mlaze kwanza ndipo upunguze uhai wake, kwani katika gemu za mwanzo Mewtwo ana Recover na atakurudisha ulikoanzia. Kupunguza uhai tumia False Swipe, pigo ambalo haliui hata siku moja. Daima linambakizia angalau pointi moja. Pokémon aitwaye Breloom anaweza kuwa nalo pamoja na Spore inayolaza bila kukosea. Kumbuka tu kwamba False Swipe haiwagusi Pokémon wa aina ya mzimu, na Spore haiwalazi wa aina ya majani tangu X na Y. Akiamka, mlaze tena kabla ya kurusha mpira mwingine.

Shikamoo. Rafiki zangu wanasema mpira ukianza kutikisika, ukibonyeza kitufe cha chini pamoja na B unamkamata kirahisi. Ni kweli?

Marahaba, mwanangu. Si kweli. Mpira ukisharushwa gemu imeshapiga hesabu yake. Ile mitikisiko ni namna ya kukuonyesha jibu polepole. Bonyeza ukipenda, lakini haibadilishi kitu.

Na kwa kuwa wengine mmeuliza: chini ya lile lori karibu na meli ya S.S. Anne katika gemu za kwanza hakuna Mew, yule Pokémon wa siri. Mew aliingizwa na mtayarishaji Shigeki Morimoto kwenye nafasi ndogo iliyosalia gemu za kwanza zilipokuwa zinakamilishwa, na mwaka 1996 jarida la CoroCoro la Japani lilichezesha bahati nasibu ambapo watu 20 walipewa Mew wao. Njia yake halali ilikuwa kugawiwa tangu mwanzo.

Nimehesabu mwenyewe. Nimekutana na Pokémon 4,096 na sijaona shaini, yule wa rangi tofauti, hata mmoja. Si ndiyo idadi yenyewe?

Pole sana, najua jasho lililoingia hapo. Lakini moja kati ya 4,096 si ahadi kwamba wa 4,096 atakuwa wa rangi adimu. Ni nafasi ya kila mmoja unayekutana naye, na gemu haiwakumbuki waliotangulia. Ukishakutana na 4,096, uwezekano wa kuwa bado hujampata ni asilimia 37 hivi, yaani zaidi ya mtu mmoja kati ya watatu wako hapo ulipo. Ili nafasi yako iwe nusu kwa nusu unahitaji kukutana na kama 2,840. Ukitaka iwe asilimia 90, ni zaidi ya 9,400. Na hapo una afadhali: kuanzia Gold na Silver za mwaka 1999 mpaka X na Y zilipotoka mwaka 2013, ilikuwa moja kati ya 8,192.

Kwa hiyo badala ya kuongeza saa, badilisha nafasi yenyewe. Njia ninayoipenda kuliko zote ni ya mayai, maarufu kwa jina la Junichi Masuda aliyeiweka: chukua wazazi wawili waliotoka katika gemu za lugha tofauti, mathalani mmoja wa gemu ya Kijapani na mwingine wa Kifaransa, waache wazaliane, na kila yai litakuwa na nafasi ya moja kati ya 683. Ndiyo maana Ditto wa lugha nyingine anatafutwa sana: anazaa na karibu kila aina, hivyo huyo mmoja anakutosha kwa miaka. Ukikamilisha orodha ya Pokémon ukapewa Shiny Charm, mayai hayo yanashuka hadi moja kati ya 512, na wa porini wanakuwa moja kati ya 1,365.

Halafu fungua macho. Katika Legends: Arceus shaini akitokea unasikia mlio na kuona vimulimuli, hata kama yuko nyuma yako. Katika Scarlet na Violet hakuna mlio wala kimulimuli mpaka pambano lianze, na kuna aina ambazo rangi zake mbili zinakaribiana mno. Hapo mtume Pokémon wako ashambulie peke yake kundi lililo mbele: akikataa kumgusa mmoja wao, simama. Huyo ni shaini. Sevu kabla hujamsogelea.

Nimevua mto mzima wa Route 119 kwenye Ruby, sijapata Feebas. Yupo kweli?

Yupo, lakini katika vipande sita tu vya maji kati ya mamia ya vipande vya mto huo. Huyu nampenda kwa sababu ugumu wake wote uko kwenye kumtafuta. Kumkamata ni rahisi mno, kiwango chake ni 255, na ndoano yoyote inamfaa, hata ile ya kwanza kabisa.

Ukiwa kwenye kipande sahihi, nusu ya samaki watakaonasa watakuwa Feebas. Tumia jambo hilo. Vua hapo hapo mpaka samaki watatu wanase. Wote wakiwa wengine, nafasi kwamba ulikuwa kwenye kipande sahihi ukamkosa ni ndogo, kwa hiyo sogea kipande kimoja. Anzia juu ya maporomoko, mstari kwa mstari, ukiweka alama kwenye karatasi yenye mchoro wa mto. Wanaoruka ruka ndio wanaosema hayupo, maana hawajui walikopita. Ukikipata, vua wengi hapo hapo.

Tahadhari moja: vipande hivyo vinafuatana na ule msemo unaovuma katika mji wa Dewford. Ukiubadilisha msemo, vinahama na mchoro wako haufai tena. Katika Diamond na Pearl ni vipande vinne ndani ya Mt. Coronet, na vinabadilika kila siku, kwa hiyo huko usianze kazi saa sita ya usiku ikikaribia.

Nacheza Silver, na Raikou, yule anayezurura ramani nzima, ananikimbia kila nikikutana naye. Nimfungeje?

Wewe unacheza Silver, kwa hiyo yeye yuko leveli 40. Tanguliza Pokémon wa leveli 39 au 40, tumia Repel, na utembee kwenye njia ambayo wa porini wako chini ya hapo. Repel inawazuia walio chini ya leveli ya kiongozi wako, Raikou inampisha. Usiruke kwa Fly kumfuata, maana ukiruka naye anahama. Vuka mpaka wa njia mbili zilizo jirani, uende na urudi, ukiangalia ramani.

Mkikutana, yeye ni mwepesi mno na hukimbia mara moja. Jamii ya Gastly ina Mean Look inayomzuia kukimbia na Hypnosis inayomlaza. Jeraha alilopata halifutiki akikimbia, kwa hiyo kila mkutano unakuachia kitu. Katika gemu za Ruby na kuendelea, Wobbuffet anamzuia kwa kuwepo tu pale mbele.

Wa FireRed na LeafGreen, hapa msome mara mbili. Raikou na mwenzake Entei wana Roar, pigo linalomaliza pambano, na kwa hitilafu iliyomo ndani ya gemu hizo, wakimaliza pambano kwa Roar hawarudi tena. Ukimfunga bila kumlaza unaweza kumpoteza moja kwa moja.

Beldum anajiua kabla sijamkamata. Nifanyeje?

Katika gemu nyingi pigo lake pekee ni Take Down, linalomrudishia maumivu mwenyewe, na kiwango chake ni 3 kama cha Mewtwo. Weka Pokémon wa mzimu mbele yake. Take Down haimgusi mzimu, na isipogusa haimrudishii kitu. Una zamu 20 mpaka pigo hilo liishe. Baada ya hapo atatumia Struggle, ambayo inagusa kila mtu na kumla robo ya uhai wake. Tangu Black na White, zamu 20 zinatosha kuipandisha Timer Ball hadi mwisho. Mlaze, kisha anza kurusha.

Mwanangu ana miaka 10, anataka nimlipe mtu mtandaoni amtumie Pokémon ambaye gemu yake haina. Nifanye nini?

Usimlipe. Gemu hizi zimetengenezwa zikiwa pungufu kwa makusudi tangu mwaka 1996: Ekans yuko Red, Sandshrew yuko Green, na aliyewataka wote ilimbidi amtafute mwenzake. Hilo bado liko hivyo leo. Mtafutie mwanao mtoto mwingine mwenye toleo la pili, wakae karibu na vifaa vyao na kubadilishana, haihitaji intaneti. Wengine wanaouzwa mtandaoni huundwa kwa programu, si kukamatwa, na wewe huna namna ya kuwatofautisha kwa kuwatazama. Zaidi ya hapo, akimpata kwa kubadilishana atakuwa ametoa kitu chake mwenyewe, na mtoto wa umri huo anajivunia hilo sana.

Nina Master Ball moja, ule mpira usiokosa kumkamata Pokémon wa porini. Nimtumie nani?

Asiwe yule aliyesimama mahali pamoja akikusubiri. Huyo unasevu mbele yake, ukishindwa unazima na kuwasha, unaanza upya. Hata Mewtwo yuko kundi hili. Master Ball ni ya yule ambaye hutapewa nafasi ya pili: Entei wa FireRed mwenye Roar, au shaini wa ghafla anayeweza kujilipua kwa Self-Destruct wakati wewe bado unatafuta Timer Ball kwenye mkoba.