Kenya Ikishambuliwa, Je, NATO Italazimika Kuja?

SWALI: Mhariri, hapa Kondele tumebishana hadi usiku. Wenzangu wanashikilia kuwa tangu Kenya ifanywe mshirika mkuu wa Marekani asiye mwanachama wa NATO, ile jumuiya ya kujihami ya nchi za Magharibi, anayetugusa amegusa NATO yote. Ni kweli? – Msomaji, Kisumu

JIBU: Si kweli, ndugu msomaji. Inayosema kuwa kushambuliwa kwa mmoja ni kushambuliwa kwa wote ni ibara ya 5 ya mkataba wa NATO wa 1949, nayo Kenya haimo. Ibara ya 6 inaweka mipaka zaidi: Ulaya, Uturuki, Amerika Kaskazini, na visiwa vya Atlantiki vilivyo kaskazini ya Tropiki ya Kansa, mstari ulio mbali kaskazini ya ikweta. Ninyi ikweta inawapitia hapo Maseno. Argentina ilipovamia visiwa vya Falkland, milki ya Uingereza kusini mwa Atlantiki, mwaka 1982, hata Uingereza, mwanachama mwanzilishi, haikukingwa na ibara hiyo.

Hadhi yetu, ambayo Rais Joe Biden aliitoa rasmi tarehe 24 Juni 2024, inatoka kwenye sheria ya Marekani ya misaada ya nje ya 1961, kifungu cha 517. Inatupa nafasi ya mbele kuomba zana ambazo jeshi lao halizihitaji tena, kuazima vifaa vya utafiti wa pamoja, na kampuni zetu kushindania zabuni za kukarabati zana zao nje ya Marekani. Ahadi ya kutulinda haimo.

Waonyeshe wenzako mfano wa Qatar. Ilipata hadhi hii mwaka 2022. Israel inayo tangu 1987. Septemba 2025 Israel ilishambulia Doha, mji mkuu wa Qatar, kwa ndege, mshirika kwa mshirika, na hadhi haikuzuia lolote. Ndipo Rais Donald Trump akatia saini amri ya pekee ya kuihakikishia Qatar ulinzi. Kama hadhi ingetosha, amri hiyo ingekuwa ya nini?

SWALI: Reli iliyofika Naivasha ni mkopo wa China. Je, Marekani yaweza kutupokonya hadhi hiyo kwa urafiki huo? – Msomaji, Nakuru

JIBU: Yaweza, bila kutuuliza. Rais wao huliarifu Bunge siku 30 kabla, basi. Afghanistan ilipewa mwaka 2012, ikaondolewa 2022 baada ya Taliban kurudi madarakani. Nasi tumeshamulikwa: Rais William Ruto alizuru Beijing Aprili 2025, na Agosti seneta wa Marekani Jim Risch akapendekeza hadhi ya Kenya ichunguzwe upya, akitaja uhusiano wetu na China. Hilo ni pendekezo tu, lakini aliyelitoa ndiye mwenyekiti wa kamati ya Seneti ya mambo ya nje, kwa hiyo tunalichukulia kwa uzito.