Msizike kabla ya upasuaji

Dada, pole sana kwa msiba. Umesema kaka yako ametolewa bwawani, kituoni wanadai alizama akiwa mlevi, na chifu anawahimiza mzike kabla ya wikendi. Nitakujibu kwa yaliyotukuta sisi, maana mtoto wa mama mdogo aliokotwa kando ya barabara tukaambiwa amegongwa na gari. Gari halikuonekana, shahidi hakuwapo, na faili yenyewe ilikuwa karatasi moja.

Kwanza mwili. Msizike kabla ya upasuaji wa maiti wa kutafuta chanzo cha kifo, na upasuaji usifanyike bila daktari wenu kuwapo. Familia inaweza kuleta mwanapatholojia wake, yaani daktari wa kuchunguza maiti, asimame pamoja na yule wa serikali. Ni ghali, na mochwari nayo inahesabu kila usiku. Sisi tulichangisha mpaka chama cha mama. Kama mnashuku mkono wa polisi na hela hamna, waulizeni IMLU kule Nairobi, shirika huru la madaktari na wanasheria linalosaidia waathiriwa wa mateso.

Daktari wetu, nilidhani ataanza na kichwa kilichopasuka. Akaanza na miundi. Aliichana kwa kisu, akatazama nyama ya ndani, akanyamaza. Baadaye akatueleza: mtu akigongwa akiwa amesimama, gari kwa kawaida humpata miguuni kwanza. Ya ndugu yetu haikuwa na hata mchubuko, ilhali kichwani kulikuwa na majeraha pande mbili tofauti. Daktari wa serikali aliona yale yale na wote wakatia sahihi. Hadithi ya gari ikafia pale mezani. Kwenu, ombeni sampuli za damu zipelekwe kwa Mkemia wa Serikali. Ulevi unapimwa, hausemwi tu.

Nguo alizokuwa amevaa msizifue! Sisi mhudumu alitukabidhi zikiwa bado mbichi ndani ya mfuko wa plastiki, na mama mdogo alishatia maji kwenye karai. Mjomba akazinyakua, akazianika kivulini, akazifunga kwa karatasi na kumpelekea mpelelezi, akisisitiza iandikwe kwenye OB, kitabu cha matukio cha kituo.

Sasa sheria, kwa sababu hapa ndipo wengi tunababaishwa. Sehemu ya 386 ya Sheria ya Utaratibu wa Jinai ya Kenya inamtaka mkuu wa kituo, kifo kikiwa cha ajali, cha kujiua au cha kutiliwa shaka, amjulishe hakimu aliye karibu, aende mahali mwili ulipo, achunguze na aandike ripoti. Hamhitaji kumbembeleza. Sehemu ya 387 inampa hakimu nguvu ya kuchunguza chanzo cha kifo, na anaweza hata kuamuru mwili ufukuliwe. Kwa hiyo mkifika kituoni msiulize “uchunguzi umefikia wapi”, mtajibiwa “tunaendelea” hadi mchoke. Ulizeni nambari ya faili ya inkwesti, yaani huo uchunguzi wa kifo mbele ya hakimu, na hakimu gani amepelekewa. Isipokuwapo, andikieni ofisi ya mkurugenzi wa mashtaka ya umma (DPP), ambayo inaweza kumwelekeza hakimu aianzishe. Nakala ya barua igongwe muhuri wa kupokelewa.

Alifia mikononi mwa polisi? Basi ni kazi ya IPOA, mamlaka huru ya kuwasimamia polisi, si ya kituo kile kile. Mnakumbuka Albert Ojwang, yule mwanablogu aliyefia kituoni Nairobi Juni 2025: polisi walisema alijigonga kichwa ukutani mwa seli, upasuaji ukaonyesha majeraha ambayo mtu hawezi kujitia mwenyewe.

Inkwesti pia haingoji mshukiwa akamatwe. Agnes Wanjiru alitoweka Nanyuki Machi 2012, mwili ukapatikana ndani ya tangi la maji taka la hoteli. Mwaka 2019 hakimu aliamua kwamba aliuawa, akawataja wanajeshi wa Uingereza. Hati ya kumkamata mshukiwa ilitolewa na Mahakama Kuu Septemba 2025. Miaka 13, na bila jamaa zake kung’ang’ana nadhani faili ingeliwa na mchwa. Yetu iko kwa DPP, bado tunafuatilia.

Kuhusu chifu, hana mamlaka ya kuwapangia siku ya mazishi. Mjibuni kwa heshima kwamba mnasubiri ripoti ya daktari. Kesho nendeni kituoni watu wawili, mmoja aongee, mwingine aandike jina la afisa, saa na nambari ya OB. Na leo jioni pigeni simu mochwari, mwulize kama kuna mtu ameshatia sahihi mwili utolewe.