Superstore si vichekesho vitupu
Ndugu uliyeuliza kama Superstore, ile tamthilia ya vichekesho ya TV, ni utani mtupu wa dukani: hapana, itazame. Kituo cha TV cha Marekani, NBC, waliirusha kuanzia 2015 hadi 2021, misimu 6, na duka lao la Cloud 9 liko St. Louis, Marekani. Subiri ufike mwisho wa msimu wa kwanza. Cheyenne, mfanyakazi wa duka hilo, ana mimba na hana likizo ya uzazi yenye malipo, basi meneja Glenn "anamsimamisha kazi" huku akilipwa, apate kulea mtoto. Kampuni inamfukuza Glenn, na wafanyakazi wanagoma na kutoka nje kumtetea! Halafu Mateo, mfanyakazi mwenzao, Mfilipino asiye na vibali, anakamatwa na maofisa wa uhamiaji mwishoni mwa msimu wa nne. Pale niliumia kweli.